Mapenzi baada ya "raha mustarehe"

Nilipokuwa na umri wa miaka kumi na mmoja, baba na mama walinuniana siku tatu. Nyumba yetu ya Tanga ilikuwa ndogo, vyumba viwili na ukumbi, na katika siku hizo tatu mimi ndiye niliyekuwa mjumbe wao.

"Mwambie baba yako chakula kipo mezani."

Baba alikuwa amekaa kwenye kiti chake cha kamba, hatua nne hivi kutoka pale mama aliposimama. Nikageuka, nikasema, "Baba, mama anasema chakula kipo mezani."

"Mwambie nimesikia."

Nikamwambia mama. Na chakula kililiwa, maji ya kuoga yalichemshwa, shati la kazini lilipigwa pasi, vyote bila neno moja kupita moja kwa moja kati yao. Siku ya tatu jioni baba aliingia na vibua wamefungwa kwenye gazeti, akawaweka juu ya meza ya jikoni, akasimama tu. Mama akalifungua gazeti, akawatazama samaki, akasema, "Na ndimu ziko wapi? Vibua wanaliwaje bila ndimu?"

Hakunigeukia mimi. Baba akavaa kandambili, akatoka. Aliporudi na ndimu zake, ugomvi ulikuwa umekwisha.

Nimesoma hadithi nyingi za mapenzi tangu wakati ule, na kwa miaka mingi sikukutana na hata moja yenye jioni kama hiyo. Nilikutana na barua zilizolowa machozi, mabinti waliozimia, wazazi waliokataa posa, magari yaliyopinduka usiku wa kuamkia harusi. Siku hizi mambo yanabadilika. Wasomaji wanadai "uhalisia", waandishi wanaahidi "mapenzi ya watu wazima", na maneno haya mawili yanatumika ovyo kiasi kwamba inafaa tukae chini tuyachambue.

Tuanze na "watu wazima", kwa kuwa ndilo lililoharibika zaidi. Ukiona simulizi mtandaoni imeandikwa juu "ya wakubwa tu", unajua unachoahidiwa: chumba cha kulala. Sina ugomvi na chumba cha kulala kuwemo hadithini. Watu waliooana wana miili, na fasihi inayojifanya haijui hilo inadanganya. Tatizo ni kwamba hadithi inaweza kuwa na kurasa ishirini za kitanda na bado wahusika wake wakawa watoto wadogo kiakili: hawajui kuomba radhi, hawajui kungoja, hawawezi kusikia neno "hapana". Na inaweza isiwe na hata busu moja ikawa ya watu wazima kuliko zote.

"Uhalisia" nao umekwama mahali pengine. Wengi wetu tunadhani hadithi halisi ni ile chungu. Mume akipiga, mke akisaliti, mtoto akifa, mwisho wakatengana, tunasema: huyu mwandishi anayajua maisha. Lakini uchungu nao una ndoto zake. Ndoa inayovunjika kwa kishindo ni rahisi kuandika kama ndoa inayofungwa kwa vigelegele, kwa sababu zote mbili zina tukio. Kigumu ni Jumanne. Kigumu ni watu wawili wanaopendana, wamechoka, mmoja amekumbuka kununua gesi na mwingine amesahau, na mwandishi anatakiwa anishike nisiweke kitabu chini.

Kwa nini hadithi nyingi zilikimbia hapo? Sababu ya kwanza ni ya ufundi. Hadithi hutembea kwa kiu na kizuizi: fulani anamtaka fulani, kuna kitu kati yao. Kizuizi kikiondoka, hadithi inakosa miguu. Ndiyo maana ngano zetu hufunga mlango pale pale, wakaoana, wakaishi raha mustarehe, na bibi anazima taa. Wazungu wamelifanya jambo hili kuwa kanuni ya biashara: chama cha waandishi wa riwaya za mapenzi cha Marekani kiliieleza aina hiyo ya riwaya kuwa ni ile ambayo mapenzi ndiyo kiini chake na mwisho wake unaridhisha moyo na una matumaini. Ni ahadi kwa mnunuzi, na siibezi. Mtu aliyetoka kazini hoi ana haki ya kusoma kitu anachojua kitamwacha salama.

Sababu ya pili ni ya kwetu. Maarifa ya baada ya harusi hayakukosekana pwani hii. Yalikuwa na wenyewe. Somo na kungwi waliyashika, wakayafundisha kwa nyimbo na ngoma ya unyago, mlango umefungwa, na hata Bi Kidude, ambaye dunia ilimjua kwa taarabu, alikuwa mwalimu wa unyago. Mwana Kupona, alipomtungia binti yake utendi mwaka 1858 akiwa mgonjwa, aliingia mpaka kwenye mambo madogo ya kila siku: namna ya kumpumzisha mume, kumpepea akilala. Leo tunaweza kugombana na utendi ule kwa sababu mzigo wote ameutwika mke. Lakini jicho lake lilikuwa limetua mahali sahihi, ndani ya nyumba, siku baada ya siku. Riwaya zilipokuja ziliandikwa kwa umma wote, wakiwemo wanafunzi, nao waandishi wengi wakaona yale ya ndani si yao kuyasema. Rosa Mistika ya Kezilahabi, iliyotoka 1971, ilithubutu kusema habari za mwili wa msichana na kilichompata, ikazuiwa shuleni. Mwandishi mwenye akili alijifunza nini hapo? Kuishia mlangoni.

Sasa nichukue mfano mmoja wa nje nikae nao, kwa kuwa sijaona kazi nyingine inayoonyesha tofauti hii waziwazi namna hii. Ni filamu tatu za mwongozaji Richard Linklater wa Marekani, Before Sunrise, Before Sunset na Before Midnight, zilizotoka 1995, 2004 na 2013, wahusika wale wale, waigizaji wale wale, Ethan Hawke na Julie Delpy. Katika ya kwanza, Jesse na Céline ni vijana wanaokutana kwenye treni, wanashuka Vienna, wanatembea usiku kucha wakizungumza. Ya pili inawakuta Paris miaka tisa baadaye, kila mmoja na maisha yake, wana muda mfupi tu kabla ya ndege ya Jesse. Ya tatu inawakuta Ugiriki wakiwa wanaishi pamoja, wana mabinti pacha, na Jesse ana mtoto wa kiume kwa mke wa kwanza anayeishi na mama yake Chicago.

Watu wengi hupenda ya kwanza. Mimi naishi na ya tatu. Marafiki wamewalipia usiku mmoja hotelini ili wapumzike bila watoto. Wanaingia chumbani, wanaanza kukumbatiana, nguo zinaanza kutoka, halafu simu inalia. Ni yule kijana wa Jesse. Céline anazungumza naye kwa upole, anaagana naye, anakata. Jesse anasema, mbona hukunipa niongee naye?

Basi. Kutoka hapo ugomvi unawaka, na hauzimiki. Unapitia kwa mke wa zamani, kazi mpya aliyopewa Céline, wazo la kuhamia Chicago, nani aliacha nini kwa ajili ya nani, nani alibaki na watoto mwenzake akiwa safarini kutangaza vitabu. Tazama ufundi wake. Hakuna mhalifu chumbani. Kila mmoja ana hoja ya kweli, na kila mmoja anaitumia hoja yake ya kweli kama jiwe. Céline anatoka, anarudi. Anatoka tena, anarudi. Mara ya mwisho anamwambia kwamba anadhani hampendi tena, anaacha ufunguo, anaondoka. Na mtazamaji aliyewahi kukaa na mtu miaka mingi anajua kwamba wakati anatamka sentensi ile ni kweli, na pia si kweli.

Halafu Jesse anamfuata ufukweni, anaketi naye mezani, na anaanza mchezo wa kitoto: anajifanya ametoka wakati ujao, amebeba barua kutoka kwa Céline mwenyewe akiwa bibi wa miaka themanini na mbili. Mchezo wenyewe haumfurahishi Céline mara moja. Anamwachia aaibike kidogo. Kisha anaingia mchezoni. Hakuna kilichotatuliwa: Chicago iko pale pale, kazi iko pale pale. Wamesuluhishana bila kusuluhisha.

Hilo si udhaifu wa filamu. Mwanasaikolojia John Gottman wa Marekani, aliyewachunguza wanandoa kwa miongo kadhaa, alieleza kwamba asilimia 69 hivi ya migongano ya wanandoa ni ya kudumu. Inatokana na tofauti za tabia na mahitaji ambazo haziondoki, na wanaodumu ni wale wanaojifunza kuizungumza bila kudharauliana. Wazee wetu wanasema vyombo vikiwa pamoja havikosi kugongana. Kwa mwandishi hii ni habari ya kumkomboa. Maana yake kizuizi hakiishi siku ya harusi. Kipo ndani ya nyumba, kinakula mezani nao, na hadithi haijakosa miguu hata kidogo.

Na kusema kweli sisi tunaoandika Kiswahili tumerahisishiwa kazi na lugha yenyewe. Kitenzi "kupendana" kila hadithi inakijua. Lakini ndugu zake wanangoja mlangoni: kuzoeana, kusikilizana, kuchukuliana, kustahiana, kuchokana, kununiana, kusameheana. Kila kimoja ni riwaya. "Kusikilizana" kimebeba mambo mawili kwa pamoja, kupeana sikio na kupatana, hata mtu akikwambia "fulani na mkewe hawasikilizani siku hizi" umeshaelewa ndoa iko mashakani. "Kuchukuliana" ni kumbeba mwenzako na kasoro zake huku naye amekubeba na zako. Mwandishi anayetaka kuandika mapenzi yaliyokomaa na achukue kimoja tu kati ya vitenzi hivi, ajiulize: kwa watu hawa wawili, kitendo hiki kinaonekanaje saa kumi na mbili asubuhi?

Hapa lazima niseme jambo ambalo naliogopa. Uhalisia unaweza kugeuzwa kuwa mahubiri ya uvumilivu, na uvumilivu kwetu mara nyingi hutakiwa kwa mwanamke peke yake. Mke anapigwa, hadithi inaita hiyo "changamoto za ndoa", mwisho anasifiwa kwa subira. Siikubali. Kiambishi kile kidogo cha mwisho, "-ana", ndicho kinachopima. Kuvumiliana ni jambo la wawili. Kuvumilia peke yako, mwaka baada ya mwaka, huku mwenzako hajui hata kama kuna kinachovumiliwa, ni jambo jingine kabisa, na mwandishi mwenye macho hatayaita yote mapenzi. Ugomvi wa hotelini niliousimulia unaumiza, lakini hakuna anayemwogopa mwenzake. Ondoa usalama huo na umebadilisha aina ya hadithi.

Ndiyo maana hadithi ya mapenzi iliyokomaa inaweza pia kuwa hadithi ya kukataa. Mwandishi Mariama Bâ wa Senegal alitoa riwaya yake ya barua, Une si longue lettre, mwaka 1979 kwa Kifaransa. Ramatoulaye, msimulizi, amefiwa na yuko eda, zile siku za miezi minne na siku kumi ambazo msomaji wa pwani hahitaji kuelezwa. Mumewe Modou, baada ya miaka ishirini na mitano na watoto kumi na wawili, alioa rafiki wa binti yao. Ramatoulaye hakuachika, aliachwa tu pale nyumbani. Sasa yuko peke yake na kalamu. Anakuja shemeji kumdai kama sehemu ya urithi, anamfukuza kwa maneno makali. Kisha anakuja Daouda Dieng, mtu mwema, msomi, aliyempenda tangu ujanani. Naye anamkataa, kwa heshima, kwa kuwa anamstahi lakini hampendi, na kwa kuwa Daouda ana mke nyumbani ambaye ataumia kama alivyoumia yeye. Sehemu ile hunifanya nisimame kusoma kwa dakika kadhaa. Mwanamke aliyenyang'anywa anapewa nafasi ya kunyang'anya, na anairudisha.

Sasa tahadhari moja kwa wanaopenda kuiga kazi za nje. Jesse na Céline walikuwa na chumba. Ukiwachukua wawili kama hao ukawaweka Magomeni au Majengo na kuwapa saa nzima ya kugombana kwa sauti, peke yao, umeandika uongo. Nyumba zetu zina watu. Shemeji analala ukumbini akitafuta kazi. Mama mkwe amekuja kutibiwa, amekaa mwezi wa nne. Chumba cha pili kina wapangaji na ukuta ni mwembamba. Ugomvi wa kwetu unanong'onwa saa saba za usiku, au unapitia kwa mtoto, au unapigwa kwa masufuria jikoni, au mke anajifunga kanga ambayo jina lake linasema asichotaka kukisema kwa kinywa. Mapenzi nayo vivyo hivyo. Yanaonekana katika hela ya mboga iliyoachwa chini ya kikombe bila kuulizwa, katika kipande cha nyama kilichofichwa kwa ajili ya atakayechelewa kurudi, katika mume anayemsindikiza mkewe kwenye msiba wa watu asiowajua.

Na pesa. Hadithi ya ndoa ya leo isiyo na pesa ndani yake siiamini. Mke amechukua mkopo wa vikoba bila kusema, kisha wa kausha damu, ule wa riba ya kunyonya, kuufidia ule wa kwanza, na kila simu yake ikitetemeka moyo unamlipuka. Mume anadhani ni mwanamume mwingine anayepiga. Hapo una wivu, siri, aibu na huruma, vyote kutoka kwenye deni, na hujahitaji kumpindua mtu yeyote na gari.

Kwa Kiswahili, Mohamed Suleiman Mohamed alilielewa hili zamani katika Nyota ya Rehema, riwaya ya mwaka 1976. Rehema na Sulubu, mkulima maskini, hawapendani kwa hotuba. Wanalima. Mapenzi yao yamo katika kazi wanayoifanya bega kwa bega, na yanapokuja kutishiwa hayatishiwi na mrembo wa tatu. Yanatishiwa na ardhi, na watu wenye nguvu wanaoitaka. Huwezi kuwatenganisha wale wawili na shamba lao ukabaki na "hadithi ya mapenzi" safi pembeni. Nadhani ndiyo sababu mapenzi yale hayajazeeka.

Wapo watakaoniuliza kama msomaji wa simu, anayesoma kipande kwa kipande akingoja "itaendelea", anaweza kushikwa na hadithi ya namna hii. Naamini anaweza, kwa sababu taharuki haitoki kwenye ukubwa wa tukio, inatoka kwenye kujali kitakachofuata. Watu wawili hawajasemezana siku tatu; je, nani ataanza? Swali hilo lilinifanya mimi, mtoto wa miaka kumi na mmoja, nisilale.

Ugomvi wenyewe, nilikuja kujua baadaye, ulihusu pesa za kuezeka nyumba ambazo baba alimpa ba' mdogo bila kumwambia mama. Bati lilingoja miaka miwili zaidi. Pesa hazikurudi. Mwaka jana, baba akiwa ameshatangulia, nilimsomea mama hadithi niliyoiandika juu ya jioni ile. Alisikiliza mpaka mwisho, mikono mapajani.

"Umekosea mahali," akasema. "Ndimu zilikuwemo. Nne, kwenye kikapu. Alipowaweka wale samaki nikaona hajui mikono aiweke wapi, nikakisukuma kikapu chini ya meza kwa mguu."